Njia Ilikuwa Nyeupe

Tangu msimu wa kulima hadi sikukuu ya Saba Saba, Eustadia hakumwamkia baba yake. Hakumtukana, hakumsengenya kisimani, wala hakumpeleka kwa mwenyekiti wa kijiji. Alimnyima shikamoo tu, na ilipomlazimu kumtaja alimwita Dereva. "Mwambieni Dereva maji ya trekta yako hapa." "Mwulizeni Dereva kama tela limekwisha pakuliwa." Katika kijiji ambacho nyumba zake zilikuwa zimepangwa mistari kama viti vya mkutanoni, tangu watu waondolewe kwenye mashamba yao ya zamani na kusogezwa pamoja, neno kama hilo halikuhitaji kurudiwa mara mbili. Watoto walilidaka. Kuku tu ndio hawakuambiwa.

Mzee Raymundi aliipokea adhabu hiyo bila kubisha, ingawa aliamini kwamba haikuwa ya haki. Alikuwa mtu aliyejengeka juu ya jambo moja, nalo ni kutodanganyika. Ujanani alisoma miaka kadhaa kwa mapadri, akaondoka kabla ya nadhiri kwa sababu ambazo hakuzieleza, na akabaki na tabia mbili: kusoma chochote chenye herufi, na kudai ushahidi wa chochote kinachosemwa. Walipokuja mabwana wa maendeleo kuahidi bomba la maji katika kila mtaa, yeye ndiye aliyeuliza maji yatatoka mto gani. Mvua ilipochelewa na wazee wakachangishana mbuzi, yeye alikataa kutoa hata kwato. Jicho lake la kushoto lilikuwa limeharibiwa zamani na kibanzi cha chuma alipokuwa akigonga pini ya jembe la trekta, likabaki linatambua mchana na usiku basi. Hilo nalo halikumtikisa. "La kulia linaona kwa niaba ya wawili," alizoea kusema, na hakuna aliyebisha, kwa kuwa katika kijiji kizima yeye peke yake ndiye aliyejua kuliendesha trekta.

Msiba wenyewe ulitokea hivi. Jioni moja ya mwezi wa Novemba alikuwa akilirudisha trekta ghalani, nyuma yake tela lenye magunia ya mbegu za pamba. Lango la ua wa ghala lilikuwa na nguzo mbili za mninga, zilizochimbiwa na fundi ambaye kwa hakika hakupata kuona tela maishani mwake, na kila jioni Raymundi alilazimika kulivuta trekta kulia ili kuikwepa ile ya kushoto kwa upana wa kiganja. Dereva mwangalifu hukaza jicho kwenye nguzo inayoweza kumgonga. Alilikaza. Upande wa kulia wa njia palikuwa na nyumba ya Eustadia, na mbele ya nyumba hiyo mjukuu wake Damas, mtoto wa miaka mitano, alikuwa na desturi ya kusimama akimngoja, ili babu apunguze mwendo, ampakie juu ya madigadi ya gurudumu, waingie ghalani wawili kama wakaguzi.

Eustadia alikuwa kizingitini akipepeta mtama. Alimwona mwanawe amesimama wazi, mahali palepale pa kila siku, mkono juu, akimpungia babu yake. Aliliona trekta likija bila kupunguza mwendo. Alipiga kelele, lakini trekta nalo lilikuwa likipiga kelele.

Polisi wa Nzega walipomhoji, Raymundi alisema, "Njia ilikuwa nyeupe. Hapakuwa na mtoto." Matangani alisema hayohayo, na alipoulizwa na padri aliyasema tena, bila kuongeza wala kupunguza. Polisi wakaamua kuwa ni ajali, na ufunguo wa trekta ukarudishwa kwake, maana pamba haikuwa na muda wa kuomboleza.

Hapo ndipo baba na binti walipoachana. Eustadia alijua alichokiona kwa macho yake: mtoto asiyekimbia, asiyejificha, aliyesimama kwenye mwanga wa jua kama nguzo ya tatu. Mtu anayesema hakumwona mtoto wa namna hiyo anasema uongo, na uongo huo una faida yake, nayo ni kubaki juu ya kiti cha trekta. Hakutaka fidia wala mbuzi wa kusafishia. Alitaka baba yake aseme neno moja mbele yake: kwamba mtoto alikuwepo. Raymundi kwa upande wake alikuwa na hakika kwamba Damas alichomoka ghafla nyuma ya kihenge kilichokuwa kando ya nyumba, na kwamba mama aliyefiwa huja kujichorea baadaye picha ya yale yaliyompata. Alimhurumia. Lakini huruma haikumfanya akiri jambo ambalo hakuliona, kwa kuwa kukiri kwa ajili ya amani ni uongo uliovaa kanzu.

Ndugu zake walimtafutia njia ya kutokea. Walimleta mganga kutoka upande wa Ziba, mtu mpole, mwenye kofia ya afisa wa misitu. Mganga alimtazama kwa muda, kisha akasema, "Mzee, wewe ulifunikwa macho. Sema tu unamshuku nani." Mlango ulikuwa wazi kabisa. Palikuwa na kibibi kimoja mjane mwishoni mwa mstari wa tatu ambaye kijiji kizima kingefurahi kumtwisha mzigo huo.

"Sikufunikwa na mtu," Raymundi alisema. "Macho yangu nayajua."

Watu waliona ni kiburi cha msomi. Eustadia alipoletewa habari hizo alizielewa vingine, na hakika hesabu yake haikuwa na kasoro. "Kama hakufunikwa," alisema, "basi aliona."

Ilipofika Saba Saba, kijiji kilialikwa Tabora kwenye maonyesho kwa sababu ya pamba yake. Masele, mwenyekiti wa kijiji, aliteua wajumbe, akamweka Raymundi kwa ajili ya trekta na Eustadia kwa niaba ya kina mama wa bustani ya ushirika. Pengine alitumaini kwamba kuwatikisa ndani ya lori moja kutwa nzima kungewachanganya, kama unga na maji. Haikuwa hivyo. Eustadia alikaa mbele pamoja na wanawake, Raymundi akakaa nyuma kwenye mlango wa bodi akila vumbi, na walipofika mjini kila mmoja alishuka kwa upande wake.

Uwanja wa maonyesho ulikuwa kando ya barabara ya miembe mikuu, ile iliyoota kutokana na kokwa za misafara. Palikuwa na ng'ombe wa maziwa waliooshwa kuliko watu, tumbaku iliyofungwa riboni, na mabango ya kumtaka kila mtu ajitegemee. Mwisho wa uwanja kulikuwa na ghala kuukuu lililopakwa chokaa, na juu ya mlango wake pameandikwa: NYUMBA YA MACHO. USIAMINI, PIMA.

"Mzee Raymundi," Masele alisema, "humu wanasema mtu anaingia mfupi anatoka jitu. Ni elimu ya watu wazima. Wameileta watu wa chuo fulani cha Dar es Salaam, ili wananchi waache ushirikina."

"Wameanza na kumfanya mtu jitu?"

"Ingia uone, bwana. Wewe si ndiye usiyedanganyika?"

Msimamizi wa nyumba hiyo alikuwa kijana mrefu mwenye shati la kijani, jina lake Twalibu. Aliwauliza watokako, na aliposikia Nzega uso ulimkunjuka.

"Wanyamwezi! Watani zangu hawa! Tueni mizigo, jamani, safari ya Bagamoyo imeahirishwa."

"Mzaramo wewe," Masele alijibu papo hapo, "nani amekupa kazi ya kusimama kutwa?"

"Nani kasimama? Mtani, hayo ndiyo mazingaombwe yenyewe. Hapa nilipo nimekaa."

Wanawake waliangua kicheko. Twalibu akawaongoza. Chumba cha kwanza kilitazamwa kupitia tundu moja, na Masele aliposimama kwenye kona yake ya kulia kichwa kilikaribia dari, na mama mnene aliyesimama kona ya kushoto akawa kama mtoto wa chekechea. "Jamani, Mwenyekiti amekua!" mmoja alipiga kelele. "Posho imemkubali!" Raymundi aliinama tunduni, akatazama, akainuka.

"Sakafu imeinama," alisema. "Kona ya kushoto iko mbali kuliko ya kulia. Na madirisha yamechorwa hayalingani, ili tusiligundue hilo."

"Mzee," Twalibu alisema, "ukiendelea hivi nitafunga duka."

Aliendelea hivyo. Mistari miwili iliyodaiwa kupishana urefu aliipima kwa kijiti cha kiberiti, ikawa sawa. Kwenye chumba cha vioo, ambamo kila mtu alijikuta amekuwa kijiji kizima cha ujamaa chenye sura moja, yeye alitafuta maungio ya vioo kwa kidole akayapata. Kwa mara ya kwanza tangu Novemba alijisikia yuko mahali panapomstahili. Nyumba nzima ilikuwa imejengwa na serikali kuthibitisha kwamba yeye alikuwa na haki ya kutokuamini. Humo kwenye vioo ndimo Eustadia alimocheka, kicheko kifupi, kama mtu aliyejikwaa, alipoona kanga yake imezidishwa hadi mwisho wa dunia. Raymundi alikigeukia kicheko kile. Katika kila kioo binti yake alimwona baba akimtazama, na katika kila kioo uso wake ukafungwa.

Kituo cha mwisho kilikuwa meza ya kadi. Kila kadi ilikuwa na msalaba mdogo upande wa kushoto na nukta nyeusi upande wa kulia.

"Fumba jicho la kushoto," Twalibu alifundisha. "Tazama msalaba tu, nukta iache kando, usiifuate. Sasa ilete kadi usoni polepole."

"Imekwenda!" mama mnene alipiga ukelele. "Imekwenda! Ee, imerudi. We mtani, umeificha wapi?"

"Sijaificha mimi, umeificha wewe. Kila jicho lina tundu, mama. Pale mshipa unapoingilia, jicho halioni kitu. Lakini kichwa hakipendi kukaa na tundu. Kinafanya kama fundi wa chokaa: kinachota rangi ya jirani, kinaziba, kinalainisha, na wewe mwenye nyumba hupati habari. Kadi ni nyeupe, basi kinakupa nyeupe."

Raymundi alichukua kadi. Jicho la kushoto hakuhitaji kulifumba. Alinyoosha mkono, akatazama msalaba. Nukta haikuwepo. Aliisogeza kadi karibu, kisha mbali, kama wengine. Kadi ilikuwa nyeupe kutoka kwenye msalaba hadi ukingoni. Akasema moyoni kwamba amepewa kadi yenye kasoro, akaitazama moja kwa moja, na nukta ilikuwa palepale, nyeusi, kubwa kama punje ya mtama.

"Nipe nyingine," alisema.

Ya pili ikawa kama ya kwanza.

"Imerudi, mzee?" Twalibu aliuliza.

"Haijarudi kwa kuwa haikupata kuja."

Twalibu alianza kucheka, kisha akaacha. Wenzake walikuwa wamerudi kwenye chumba cha kona, Masele akiomba kuwa jitu mara nyingine. Kijana alimshika mzee mkono, akampeleka mbele ya ukuta wa mwisho uliopakwa chokaa, akachora msalaba kwa mkaa mbele ya jicho lake, akarudi nyuma.

"Tazama huo. Usibanduke. Mimi natembea ukutani kuelekea kulia. Niambie nikipotea."

"Umepotea."

"Sasa je?"

"Toka huko uliko, uje ninapoweza kukuona, ndipo uniulize."

"Nimetembea, mzee, na bado natembea. Unaona giza?"

"Hakuna giza. Kuna ukuta."

Alibandua jicho kutoka msalabani. Twalibu alikuwa amesimama palepale, mtu mzima, mrefu, na shati lake la kijani, mikono imening'inia. Alilirudisha jicho msalabani, na ukuta ukamfunika kijana yule tangu utosi hadi viatu. Haukuacha ufa wala kivuli. Ulikuwa mweupe na laini, kazi safi ya fundi.

Raymundi alikaa kwenye benchi. Aliiona nguzo ya mninga. Aliiona vizuri, pamoja na ule mkwaruzo wa rangi nyekundu uliotokana na tela, na kulia kwake aliiona njia, jinsi alivyoiona jioni ile na jinsi alivyowaambia polisi, padri na watu wa matangani: mchanga mtupu, wenye jua, hadi kwenye ukuta wa nyumba ya binti yake. Hakuna mchanga uliopata kuwa mtupu kama ule. Sasa alijua ulitoka wapi. Alikuwa amedai ushahidi kwa mabwana wa maendeleo, kwa waganga na kwa Mungu mwenyewe, na katika miaka yote hiyo hakupata kumhoji shahidi wake mmoja. Na yule mtu mpole mwenye kofia ya misitu alikuwa amesema kweli kuhusu macho. Alikosea tu kudhani kwamba aliyeyafunika alikuwa mtu mwingine.

"Nenda hospitali, mzee," Twalibu alisema taratibu. Utani ulikuwa umemtoka wote. "Ugonjwa huu nimeusoma. Hauumi. Huanza kando, na kichwa kinaziba kila linalopotea, mpaka pasibaki pa kuchota rangi."

"Unatibika?"

"Kilichokwisha kwenda hakirudi."

Raymundi aliitikia kwa kichwa kama mtu aliyetajiwa bei aliyoitarajia. Kisha akaita, kwa sauti ambayo iliwanyamazisha hata wale waliokuwa kwenye chumba cha kona, "Eustadia!"

Alikuja, akasimama mbali. "Mwenyekiti," alisema, "mwulize Dereva ana haja gani."

"Simama pale ukutani," Raymundi alisema. "Ni hilo tu. Baada yake sitakuomba kitu."

Masele alifungua kinywa, Twalibu akamgusa bega, akakifunga. Eustadia aliwatazama wote watatu, kama mtu anayetafuta mzaha uko kwa nani, na alipoukosa akaenda ukutani. Raymundi alisimama mbele ya msalaba wa mkaa, akalikaza jicho kama alivyolikaza siku zote langoni.

"Sogea upande wa dirisha," alisema. "Tena. Tena kidogo." Kisha akasema, "Hapo. Umepotea."

"Sijapotea." Alimjibu mwenyewe, bila kumpitishia mtu, pengine kwa kuwa hakuwa na muda wa kukumbuka. "Mimi niko hapa. Unanitazama."

"Nakusikia. Sikuoni. Ulipo wewe naona ukuta, mweupe, mzima, hauna mtu. Ndivyo nilivyoiona njia. Mtoto alikuwepo, Eustadia. Alisimama pale uliposema. Uliona sawasawa. Mimi nilipewa njia nyeupe, nami nikaiapia."

Nje, kipaza sauti kilikuwa kikitangaza washindi wa mahindi. Raymundi hakubandua jicho. Alitambua kwamba angeweza kuligeuza kidogo tu, upana wa kidole, na uso wa binti yake ungerudi, na angejua kilichoandikwa juu yake; na aliona kwamba haki hiyo hakuwa nayo. Alikuwa amemwambia kwamba machoni pake hayupo. Ilimpasa akae na neno hilo.

Mara Twalibu akasema karibu na sikio lake, "Anakupungia mkono, mzee."

Raymundi aliutazama msalaba. Kulia kwake ukuta ulikuwa umetulia. Akainua mkono wake mwenyewe, akaupungia ukuta.

Ndipo alipomsikia analia, na kilio hicho hakikuwa cha mtu aliyefarijiwa. Eustadia alikuwa amepoteza mtoto. Tangu Novemba alikuwa amesimama kwa kuegemea jambo moja, nalo ni kuwa na mtu wa kumchukia, na sasa nalo limeng'olewa. Hakuna nyumba inayosimama kwa ukweli peke yake. Wanawake walimzunguka, wakamfunika kanga, wakampeleka kwenye kivuli.

Raymundi alifungua fundo la kamba kiunoni, akautoa ufunguo wa trekta, akamwekea Masele kiganjani.

"Nani ataendesha?" Masele aliuliza. Halikuwa swali la ukatili. Pamba ilikuwa kweli inangoja kwenda kiwandani.

"Fundisheni mtu mwenye macho mawili. Lakini kabla hajapanda, ng'oeni zile nguzo."

Alipotaka kutoka alielekea kwenye mwanga wa mlango. Nyumba ile, aliyoichambua chumba kwa chumba, sasa hakuwa na hakika nayo hata sakafu. Alitembea kama mtu anayevuka maji asiyoyajua. Alinyoosha mkono upande wa kulia kutafuta ukuta, na mahali ambapo aliona hewa tupu mkono wake ulishikwa. Kiganja kilikuwa kigumu, cha mtu wa jembe, na bado kilikuwa na unyevu wa machozi.

Hakuligeuza jicho kumtazama. Walikwenda hivyo, yeye akiona njia isiyo na mtu, na mtu akiwa amemshika.

"Kizingiti," Eustadia alisema.

Akainua mguu.